Mishipa ya Damu Inapopanuka na Kujibana: Habari za Mzio Mkali

Leo twataka kueleza jambo ambalo huwashangaza watu wengi na kuwatia hofu, nalo ni hili. Mtu mzima, mwenye afya na nguvu zake, aumwa na nyuki mmoja tu. Au ala kipande cha samaki ambacho wenziwe wamekila bila dhara. Au apigwa sindano ya dawa ambayo imewaponya watu maelfu. Kabla maji ya chai hayajachemka jikoni, mtu yule yu chini, hajiwezi. Viganja vyamwasha, midomo imevimba, pumzi yatoka kwa mluzi, na mapigo ya damu katika kifundo cha mkono yamekuwa mepesi na hafifu kama uzi.

Mambo kama haya yakitokea karamuni, aghalabu maneno huanza. Mmoja hunong'ona ya kuwa chakula kilitiwa sumu. Wa pili hukumbuka ugomvi wa mwaka jana. Wa tatu humtazama mpishi kwa jicho la shaka. Huku watu wakinong'onezana, wakati wapita, na mgonjwa hana wakati wa kupoteza. Kwa hiyo ni faida kwa kila mtu kujua yatendekayo ndani ya mwili saa ile. Mara nyingi hapana adui yeyote aliyefanya hila. Ni mishipa ya damu ya mgonjwa mwenyewe iliyolegea pasipotakiwa, na misuli yake mingine iliyojibana pasipotakiwa.

Ugonjwa huu huitwa mzio mkali, na matabibu huuita anafilaksi. Neno mzio ni la kale katika Kiswahili. Wazee walilitumia kwa chakula ambacho mtu au ukoo hujizuia nacho kwa sababu chawadhuru, au kwa sababu ya mwiko. Elimu ya leo imelichukua neno hilo na kulipa maana iliyo karibu sana na ile ya kwanza: kitu kisichomdhuru jirani, lakini mwili wa huyu haukikubali.

MFEREJI NA MILANGO YAKE

Katika mitelemko ya Kilimanjaro, Wachagga tangu zamani wameyateremsha maji ya mito kwa mifereji, ambayo wenyewe huiita mifongo. Mfereji mkubwa hugawanyika kuwa midogo, na midogo hugawanyika tena mpaka kufika migombani. Lakini mashamba yote hayanyweshwi kwa saa moja. Kila mtu ana zamu yake. Huyu akifungua, yule huziba. Kama wenye mashamba ya juu wangefungua wote pamoja, maji ya mtoni yangekuwa ni yale yale, yasipungue hata debe moja. Lakini yangetawanyika na kukosa nguvu, na shamba la chini kabisa lingekauka.

Mwili wa mwanadamu una mifereji ya namna hii. Mtu mzima ana damu yapata lita 5. Naye akiwa ametulia, moyo wake husukuma yapata lita 5 kila dakika. Maana yake ni kwamba damu kiasi cha ile yote aliyo nayo hupita moyoni kwa muda wa dakika moja. Bwana William Harvey, tabibu Mwingereza, ndiye aliyethibitisha katika kitabu chake cha mwaka 1628 ya kuwa damu hutoka moyoni na kurudi moyoni kwa mzunguko. Walakini yeye hakuweza kuziona njia ndogo ziunganishazo mishipa itokayo moyoni na mishipa irudiyo. Njia hizo zilionwa na Mwitalia, Bwana Marcello Malpighi, mwaka 1661, alipotazama pafu la chura kwa hadubini. Huitwa kapilari, nazo ni nyembamba hata chembe nyekundu za damu hupita mojamoja, kama watu wapitao katika njia ya msituni.

Sasa angalieni. Mishipa yote ya mwili ikijumlishwa ina nafasi kubwa kuliko damu iliyopo. Hakuna mtu mwenye damu ya kutosha kuijaza yote ikiwa imefunguka wazi kwa pamoja. Basi ni lazima pawe na zamu, kama ilivyo katika mifereji. Tukiisha kula, mishipa ya tumbo hupanuka. Tukipiga mbio, mishipa ya misuli ya miguu hupanuka. Tukipatwa na baridi, mishipa ya ngozi hujibana, damu ikabaki ndani kulinda joto.

Ni nani afunguaye na kuziba? Katika ukuta wa mishipa itokayo moyoni, hasa ile midogo, mna misuli iliyozunguka kama pete. Pete ikikaza, njia huwa nyembamba. Ikilegea, njia huwa pana. Bwana Claude Bernard wa Ufaransa alionyesha jambo hili wazi mwaka 1851. Alikata neva moja katika shingo ya sungura, na sikio la upande ule likawa jekundu na lenye joto kuliko la upande wa pili, kwa kuwa mishipa yake ilikuwa imepanuka. Mwaka uliofuata ilionekana ya kuwa neva ile ikitiwa nguvu za umeme, sikio hugeuka jeupe na baridi. Ikajulikana, basi, ya kuwa mishipa ya damu haikai tu kama mabomba ya chuma. Hupokea amri, na kila saa hubadilika.

Na hapa kuna hesabu moja ambayo yafaa wanafunzi waishike. Bwana Jean Poiseuille, daktari wa Ufaransa, alipima katika miaka ya 1840 jinsi maji yapitavyo katika vibomba vyembamba vya kioo. Aliona ya kuwa kibomba kikipunguzwa upana hata nusu, na nguvu ya kusukuma ikiwa ni ile ile, maji yapitayo hayawi nusu; huwa sehemu moja tu katika 16. Na kikiongezwa upana mara mbili, maji yapitayo huwa mara 16. Kwa hiyo pete zile zikilegea au zikikaza kidogo tu, mabadiliko ya mwendo wa damu ni makubwa mno.

ALAMA YA MBU NI MWALIMU WETU

Kila mmoja wetu amepata kuumwa na mbu. Mahali pale pawasha, pana joto, na baada ya kitambo kidogo pana uvimbe mdogo wa mviringo. Mwenye ngozi nyeupe huona wekundu. Mwenye ngozi nyeusi huenda asiuone wekundu, lakini uvimbe huuona, na joto hulisikia kwa kidole. Uvimbe huo umetoka wapi? Mbu hakutia maji mengi kiasi kile. Ni maji ya damu yetu wenyewe.

Bwana Thomas Lewis wa London alichunguza sana mambo haya ya ngozi, na mwaka 1927 alitoa kitabu juu yake. Alieleza ya kuwa ngozi ikikwaruzwa kwa kitu kisicho na makali, mambo matatu hufuatana: kwanza mstari mwekundu, kwa kuwa mishipa midogo kabisa imepanuka, pili wekundu huenea pembeni, kwa kuwa mishipa ya jirani nayo imepanuka, tatu huinuka uvimbe, kwa kuwa kuta za mishipa midogo zimeanza kuvuja. Lewis alisema ya kuwa lazima iwepo dawa fulani itokayo katika ngozi yenyewe na kuleta mambo haya.

Dawa hiyo ilikuwa imekwisha kuchunguzwa. Mwaka 1910 Bwana Henry Dale na mwenziwe Bwana Patrick Laidlaw, huko Uingereza, walikuwa wameandika habari za kitu kiitwacho histamini. Walipowatia wanyama histamini mwilini, waliona mishipa ikilegea, nguvu ya damu ikishuka, na pumzi ya wanyama wengine ikizibwa. Leo twajua ya kuwa histamini imo tayari ndani ya miili yetu, imefungwa ghalani, yangoja amri.

Basi kwa alama ya mbu twaona kwa udogo yale yaliyo katika mzio mkali kwa ukubwa. Panapo alama ya mbu, mlango mmoja mdogo umefunguliwa katika shamba moja. Panapo mzio mkali, milango yafunguliwa mwili mzima kwa dakika chache.

MBWA WA BWANA RICHET

Jambo hili liligunduliwa kwa njia ya ajabu. Mwaka 1901 wataalamu wawili wa Ufaransa, Bwana Charles Richet na Bwana Paul Portier, walisafiri baharini katika merikebu ya Albert wa Kwanza, mtawala wa Monaco. Walitaka kuichunguza sumu ya mnyama fulani aeleaye, wa namna ya konyeza, mwenye nyuzi ndefu ziunguzazo. Waliporudi Ufaransa hawakumpata mnyama yule, wakatumia sumu ya mnyama mwingine wa baharini, ashikamanaye na miamba, mwenye mikono mingi laini kama ua lililochanua.

Nia yao ilikuwa njema. Watu walikuwa wamekwisha kujua habari za chanjo: mwili ukionjeshwa ugonjwa kidogo, hupata nguvu ya kuushinda baadaye. Richet na Portier walifikiri ya kuwa mbwa akipewa sumu kidogo, ataizoea. Mmoja wa mbwa hao aliitwa Neptune. Alipewa sumu kidogo mapema mwaka 1902, asidhurike. Wiki chache baadaye, hali ni mzima kabisa, akapewa tena kipimo kidogo. Mara akaanza kuhema, akaanguka, akatapika damu, na baada ya yapata dakika 25 alikuwa amekufa.

Mambo yalikuwa kinyume cha matumaini. Kipimo cha kwanza hakikumlinda. Kilimfanya awe dhaifu mbele ya kile cha pili. Kwa hiyo Richet akatunga neno anafilaksi, kwa maneno ya Kiyunani, kuonyesha ya kuwa ni kinyume cha ulinzi. Kwa kazi hiyo alipewa tuzo ya Nobel mwaka 1913.

KWA NINI HUYU, NA SI YULE?

Wengi huuliza: Ikiwa ni sumu, mbona wenziwe hawakudhurika? Jibu lilianza kupatikana mwaka 1921, huko Ujerumani. Bwana Heinz Küstner alikuwa hawezi kula samaki; akila, mwili wake ulivimba. Mwenziwe, Bwana Carl Prausnitz, alikuwa akila samaki bila taabu. Prausnitz alichukua maji ya damu ya Küstner, akajichoma kidogo chini ya ngozi yake mwenyewe. Siku ya pili akajichoma maji ya samaki mahali palepale. Mahali pale pakavimba na kuwasha, ingawa sehemu nyingine za ngozi yake zilikuwa salama. Ikadhihirika ya kuwa katika damu ya Küstner mlikuwamo kitu kilichomtambua samaki kuwa ni adui.

Kitu hicho kilikaa bila kujulikana vema mpaka miaka ya 1966 na 1967, kilipotambuliwa na Bwana Kimishige Ishizaka na mkewe Teruko, Wajapani waliofanya kazi Marekani, na vilevile na Bwana Gunnar Johansson na Bwana Hans Bennich wa Uswidi. Mwaka 1968 kilipewa jina moja, imunoglobulini E. Ni kingamwili, yaani kimoja katika vile viundwavyo na mwili kwa kujilinda.

Sasa twaweza kuunganisha mambo. Karibu na mishipa ya damu, chini ya ngozi, na katika njia za pumzi na za chakula, mna chembe zilizojaa punje nyingi ndani yake. Mjerumani Paul Ehrlich alizieleza na kuzipa jina mwaka 1878. Sisi tutaziita chembe za ghala, kwa maana ndizo zinazoweka histamini. Mtu akiumwa na nyuki mara ya kwanza, huenda mwili wake ukaunda kingamwili za kumtambua nyuki, nazo zikashikamana na chembe za ghala kama mitego iliyotegwa. Siku hiyo haoni neno. Akiumwa tena, sumu ya nyuki hugusa mitego miwili mitatu iliyo jirani, ghala zikafunguka, na histamini pamoja na dawa nyingine kali zikamwagika. Ndiyo sababu mtu aweza kusema kwa kweli, "Nimeumwa na nyuki mara nyingi, wala sikupata neno," kisha mara inayofuata akaanguka. Tena si kila mzio mkali hupita njia hii. Zipo dawa chache zifunguazo ghala bila mitego. Lakini yafuatayo ni mamoja.

YANAYOTENDEKA MWILINI

Histamini iingiapo katika damu, mambo manne hutokea karibu pamoja.

La kwanza, mishipa hupanuka. Hapa wataalamu walitatizwa muda mrefu, kwa maana histamini hiyohiyo huikaza misuli ya mapafu. Yawezaje kuilegeza misuli ya mishipa? Fumbo lilifumbuliwa kwa kazi iliyoanzia kwa Bwana Robert Furchgott wa Marekani. Mwaka 1980 alionyesha ya kuwa mshipa una bitana nyembamba ndani yake, na bitana hiyo ikiguswa na dawa fulani hutoa amri ya kulegea. Akiiondoa bitana, dawa ileile haikuulegeza mshipa tena. Amri hiyo ilikuja kujulikana kuwa ni hewa iitwayo oksidi ya nitriki, na mwaka 1998 Furchgott na wenziwe Louis Ignarro na Ferid Murad wakapewa tuzo ya Nobel. Histamini nayo hutumia njia hii katika mishipa mingi. Tena mishipa irudishayo damu moyoni, ambayo kwa kawaida hushika kama thuluthi mbili za damu yote, nayo hulegea, damu ikatuama humo kama maji bondeni. Moyo wapiga kwa bidii, lakini hauna cha kusukuma.

La pili, mishipa midogo huvuja. Chembe za bitana hujikunja na kuachana, pakawa na nyufa, na maji ya damu yakapenya nje. Huu ndio uvimbe wa midomo, macho, ulimi na koo. Katika mzio mkali kabisa, yapata thuluthi ya ujazo wa damu yaweza kutoka hivi kwa muda wa dakika 10. Mtu hakutokwa na damu hata tone moja chini, lakini hali yake ni kama ya mtu aliyejeruhiwa.

La tatu, misuli ya njia za pumzi hujibana. Pumzi hutoka kwa mluzi, kifua hubana. Misuli ya tumbo nayo hukaza, ndiyo maana wengine hushikwa na msokoto, kutapika na kuhara.

La nne, mwili hujitetea. Neva zikiona ya kuwa nguvu ya damu imeshuka, huamuru moyo kwenda mbio, na mishipa ijibane. Kwa hiyo mgonjwa huenda mwanzoni akawa na ngozi ya moto, kisha ikawa baridi, yenye jasho, na rangi ya majivu. Kwa mtu mwenye ngozi nyeusi, tazameni viganja, ndani ya midomo, na ndani ya kope. Baridi hiyo si dalili ya kupona. Ni dalili ya kuwa mwili watumia akiba yake ya mwisho. Na katika watu wengine, mishipa ilishayo moyo wenyewe nayo hujibana, moyo ukaumia. Jambo hili lilielezwa na daktari Nicholas Kounis wa Ugiriki mwaka 1991.

Basi taabu ya ugonjwa huu ni kwamba kulegea na kubana vyaja pamoja, kila kimoja mahali pasipo pake. Dawa yake, ili ifae, haina budi kufunga huku na kufungua kule kwa wakati mmoja.

DAWA IFUNGAYO NA KUFUNGUA

Dawa ya namna hiyo ipo, na mwili wenyewe huiunda. Juu ya kila figo pana tezi ndogo. Mwaka 1894 Bwana George Oliver na Bwana Edward Schäfer huko London waliona ya kuwa maji ya tezi hizo yakitiwa katika damu ya mnyama, mishipa hujibana na nguvu ya damu hupanda kwa ghafula. Mwaka 1901 Mjapani Jokichi Takamine, aliyekuwa akifanya kazi Marekani, alitangaza ya kuwa amekipata kile kitu safi. Huitwa adrenalini.

Adrenalini hufanya kazi nne. Huikaza misuli ya mishipa iliyolegea, damu ikarudi moyoni. Huulegeza msongo wa njia za pumzi. Huutia moyo nguvu. Tena huzizuia chembe za ghala zisiendelee kumwaga. Hakuna dawa nyingine iliyo na mambo haya yote pamoja. Dawa za kupinga histamini, ambazo Bwana Daniele Bovet na wenziwe walianza kuzionyesha mwaka 1937, hupunguza kuwasha na mabaka. Lakini huenda polepole, wala haziinui nguvu ya damu iliyoanguka. Mtu asizitegemee mahali pa adrenalini.

Hupigwa katika msuli wa paja, upande wa nje, katikati. Mtu mzima hupewa nusu ya miligramu. Mtoto hupewa kwa kadiri ya uzito wake. Na hali isipotengenea, hurudiwa baada ya dakika 5. Kwa nini katika msuli, wala si chini ya ngozi? Jibu lipo katika habari zetu za leo. Adrenalini hujibanisha mishipa ya ngozi, hivyo ikitiwa pale hujifungia mlango yenyewe. Lakini mishipa ya msuli huipanua, ikachukuliwa upesi. Daktari Estelle Simons wa Kanada alipowapima watoto, mwaka 1998, aliona ya kuwa dawa iliyopigwa katika msuli ilifika kilele katika damu kwa yapata dakika 8, na iliyopigwa chini ya ngozi kwa yapata dakika 34. Kwa mgonjwa huyu, tofauti hiyo yaweza kuwa ndiyo uhai wenyewe.

MAMBO YA KUSHIKA KIJIJINI

Kwanza, tambueni. Mtu azimiaye kwa kuona damu, mapigo yake kwa kawaida huwa ya polepole, naye akilazwa hurudiwa na fahamu upesi. Mwenye mzio mkali, mapigo yake aghalabu huenda mbio, tena mara nyingi ana mabaka ya kuwasha, au uvimbe wa uso, au mluzi wa pumzi, au sauti iliyokauka. Lakini wengine hawana mabaka. Kwa hiyo mtu akianguka mara tu baada ya nyuki, chakula au sindano, msingoje mabaka yatokee.

Pili, mlazeni chali na kuinua miguu yake. Damu imetuama chini. Miguu ikiinuliwa, hurudi moyoni. Ikiwa pumzi yamsumbua sana, mwacheni akae, miguu ikiwa imenyoshwa mbele. Akitapika, au akipoteza fahamu huku angali akipumua, mlazeni ubavu; na mwenye mimba alazwe ubavu wa kushoto.

Tatu, msimsimamishe, wala msimtembeze kwa kuonyesha ya kuwa amepata nafuu. Hapa ndipo wengi hupotea. Mtu aliyelala, damu chache iliyobaki humtosha. Akisimamishwa ghafula, damu hushukia miguuni, moyo ukabaki mtupu, akafa mikononi mwa waliotaka kumsaidia. Achukuliwe amelala, kwa machela au kwa kitanda, mpaka hospitali.

Nne, mwiba wa nyuki utolewe upesi, kwa ukucha au kwa njia yoyote iliyo karibu. Msipoteze dakika mkitafuta kisu. Kila nukta ukaapo mwilini, waingiza sumu zaidi.

Tano, msimpe chakula wala cha kunywa, kwa kuwa koo limevimba. Pelekeni mtu mbio kwenye zahanati au kituo cha afya, aseme waziwazi: "Mgonjwa ana mzio mkali, anahitaji adrenalini." Mwenye sindano yake ya adrenalini aliyopewa na daktari apigwe mara moja, kisha apelekwe vilevile. Na akipata nafuu asitoroke hospitalini, maana kwa watu wengine ugonjwa hurudi baada ya saa kadha.

Sita, ajulikane na wenziwe. Aliyewahi kupatwa na mambo haya amweleze kila daktari kabla ya kupigwa sindano, hasa ya penisilini. Aandike jina la kitu kimdhurucho katika kadi na kutembea nayo. Wenye kutundika mizinga, kama ndugu zetu wa Tabora ambao asali yao yajulikana mbali, wasimdhihaki mwenzao aliyeanguka kwa nyuki mmoja wakimwita mwoga. Nyuki mia waweza kumdhuru mtu yeyote kwa wingi wa sumu. Lakini kwa mwenye mzio, mmoja watosha. Mtu huyo aache kwenda kurina mpaka ameonana na daktari. Katika hospitali nyingine huzoezwa sumu ile kidogo kidogo kwa miezi na miaka, chini ya uangalizi, na wengi hupata kinga.

Nasi tungependa sana wanafunzi wanaosoma maneno haya wawasomee wazee nyumbani, hasa sehemu hii ya mwisho. Karamu ijayo, mgeni akianguka, pasiwe na mtu wa kumtazama mpishi kwa jicho baya. Wawepo wawili wa kumlaza na kuinua miguu yake, na mmoja mwenye mbio wa kwenda kuita msaada.